Ukidai Chuo au Chuo Kikikudai: Njia ya Kufuata Uganda Kabla ya Mahakama na Ndani Yake

Migogoro ya malipo na vyuo hapa Uganda haina sura moja. Kuna mwalimu ambaye mshahara wake umesimama tangu muhula uliopita, na mwenye duka aliyepeleka magunia ya posho (unga wa mahindi) na maharage jikoni mwa chuo akabaki na vitabu vya madeni. Kuna mwanafunzi aliyezuiwa kwenye mtihani au kunyimwa transkripti kwa sababu ya ada. Halafu kuna vyuo vilivyogawanyika wenyewe, wakurugenzi wa pande mbili kila mmoja akisema yeye ndiye mwenye saini ya benki, na katikati yao watu wote niliowataja hawajui wamdai nani.

Kila mmoja wao husema, "Nitakwenda mahakamani." Ni haki yake. Lakini kila deni lina mlango wake, na kila mlango una muda wake wa kufungwa. Mtu anaweza kuwa na haki yote na bado akashindwa kwa sababu alianzia pasipo pake, au alishtaki jina ambalo kisheria halipo. Ndiyo maana sehemu kubwa ya mwongozo huu inahusu mambo ya kufanya kabla hujamwona hakimu.

Nimewaandikia wanaosoma Kiswahili wakiwa Uganda au wakiwa na shughuli Uganda: walimu wa Arua na Koboko, wafanyabiashara wa Busia na Malaba, familia za Kikongo za Nakivale na Kyaka, na wazazi wa Kenya na Tanzania wenye watoto katika vyuo vya Kampala. Kesi kubwa inahitaji wakili. Lakini hata ukiwa na wakili, ukimfikia na karatasi zako zimepangwa atafanya kazi nzuri zaidi na utamlipa kidogo zaidi.

Hatua ya kwanza: litambue deni lako

Jiulize pesa hii inatokana na nini.

Kama umeajiriwa na chuo na hujalipwa mshahara, posho za safari, malipo ya likizo au fedha za kuachishwa kazi, hilo ni shauri la ajira. Linaongozwa na Sheria ya Ajira ya mwaka 2006, na linaanzia kwa afisa wa kazi wa wilaya.

Kama uliuza bidhaa, ulipangisha nyumba au ulikopesha chuo pesa, hilo ni deni la kawaida la mkataba. Mlango wake unategemea kiasi.

Kama wewe ni mwanafunzi au mzazi, tenganisha mambo mawili ambayo watu huyachanganya sana. Kuna pesa yenyewe, yaani ada uliyolipa mara mbili au ada ya kozi ambayo haikufundishwa, na kuna uamuzi wa utawala: kufutwa kwenye orodha, kuzuiwa mtihani, kusimamishwa masomo. Pesa hudaiwa kwa kesi ya madai. Uamuzi wa chuo cha umma hupingwa kwa njia nyingine kabisa, na muda wake ni mfupi mno. Nitaufikia.

Hatua ya pili: mjue chuo ni nani

Hapa ndipo ningetaka utulie zaidi kuliko mahali pengine popote katika mwongozo huu, kwa maana kesi nyingi nzuri hufia hapa.

Jina lililoandikwa kwenye lango la chuo mara nyingi si jina la mtu anayeweza kushtakiwa. Nyuma ya bango hilo kunaweza kuwa na kampuni yenye hisa, kampuni ya dhamana isiyo na hisa, wadhamini waliosajiliwa wa kanisa au msikiti, au mtu mmoja aliyesajili jina la biashara. Kila mmoja wa hao hushtakiwa kwa jina lake. Mahakama za Uganda zimetupa kesi zilizofunguliwa dhidi ya chombo kisichokuwepo kisheria, na kosa hilo kwa kawaida haliponi kwa kubadilisha jina katikati ya safari. Unaanza upya, kama muda bado upo.

Nenda Ofisi ya Usajili ya Uganda, inayojulikana kama URSB, au tumia mfumo wake wa mtandaoni, uombe upekuzi wa jina hilo. Utalipa ada ndogo. Unachotaka kupata ni jina kamili lililosajiliwa, anwani ya ofisi iliyosajiliwa, na orodha ya wakurugenzi. Chapisha, hifadhi. Kama mwenye chuo ni mtu mmoja na jina ni la biashara tu, andika jina lake yeye, kisha useme anafanya biashara kwa jina la chuo hicho.

Vyuo vikuu vya umma kama Makerere, Kyambogo, Gulu na Busitema ni vyombo kamili kisheria chini ya Sheria ya Vyuo Vikuu na Taasisi Nyingine za Elimu ya Juu ya mwaka 2001, basi hushtakiwa kwa majina yao. Chuo cha serikali ambacho hakina hadhi hiyo ni sehemu ya serikali, na anayeshtakiwa ni Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Mkuu wa chuo binafsi usimshtaki kwa jina lake kwa hasira tu. Yeye kwa kawaida ni mwajiriwa kama wewe, na kumuingiza kunaweza kukuletea gharama utakazolipa wewe.

Wakati ukifanya upekuzi huo, angalia pia kama chuo kina leseni ya Baraza la Taifa la Elimu ya Juu, NCHE, ikiwa ni cha ngazi hiyo. Kwa mwanafunzi anayedai kurudishiwa ada, kozi kutokuwa na idhini ni hoja nzito. Isitoshe, lalamiko lililopelekwa NCHE wakati mwingine hufungua ofisi iliyokuwa imefungwa kwa miezi.

Hatua ya tatu: hesabu siku zako

Fungua kalenda kabla ya kufungua mdomo.

Deni la mkataba kwa kawaida lina miaka 6 tangu siku lilipopaswa kulipwa. Ukiidai serikali au serikali ya mtaa kwa mkataba, una miaka 3 tu. Ukiidai kwa madhara yasiyotokana na mkataba, miaka 2. Mfanyakazi aliyefukuzwa isivyo haki anatakiwa kupeleka lalamiko kwa afisa wa kazi ndani ya miezi 3. Anayepinga uamuzi wa chombo cha umma kwa mapitio ya Mahakama Kuu naye ana miezi 3 tangu sababu ilipotokea.

Jambo moja ambalo wadai wachache wanalijua: mdaiwa akikiri deni kwa maandishi yenye saini, au akilipa sehemu yake, muda wa deni la mkataba huanza kuhesabiwa upya. Kwa hiyo barua ya mhasibu inayosema "tunatambua tunadaiwa na tutalipa muhula ujao" usiione kama danadana tu. Itunze vizuri sana.

Hatua ya nne: karatasi

Sheria ya Mikataba ya mwaka 2010 inataka mkataba wenye thamani inayozidi vipimo 25 vya fedha, yaani shilingi 500,000, uwe kwa maandishi. Maandishi ya kielektroniki nayo yanahesabika. Watu wengi huogopa wakidhani bila karatasi yenye mhuri hawana kesi, kumbe wana barua pepe za oda, ujumbe wa WhatsApp wa mkuu wa chuo akiomba magunia mengine, na taarifa za malipo ya simu. Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2011 inaruhusu ushahidi wa namna hiyo. Usifute mazungumzo, usibadilishe simu bila kuhifadhi nakala, na usikate picha ya skrini ukaacha tarehe na namba nje.

Mwalimu akusanye barua ya kuajiriwa, hati za mshahara za kila mwezi, taarifa ya benki inayoonyesha mshahara ulipokoma, ratiba za vipindi na daftari la mahudhurio. Mwalimu wa muda anayelipwa kwa saa awe mkali zaidi: fomu zake za madai ya saa ziwe na saini ya mkuu wa idara, na abaki na nakala. Nimeona walimu wa muda wakiandika fomu moja tu na kuikabidhi ofisini. Ofisi ikikana kuipokea, huwa hawana cha kuonyesha.

Kama hukupewa barua ya kazi, usikate tamaa. Sheria inamtaka mwajiri akupe masharti ya kazi kwa maandishi ndani ya wiki 12 tangu uanze, na kushindwa kwake hakufuti ajira yako. Aliyefanya kazi kama kibarua kwa zaidi ya miezi 4 mfululizo naye anastahili mkataba wa maandishi.

Ingia pia kwenye akaunti yako ya NSSF, mfuko wa akiba ya uzeeni wa wafanyakazi. Mwajiri anapaswa kukukata asilimia 5 na kuongeza 10 yake, na kuziwasilisha ndani ya siku 15 baada ya mwezi kuisha. Tangu marekebisho ya mwaka 2022 wajibu huu ni wa kila mwajiri, hata mwenye wafanyakazi wawili. Ukiona miezi mitupu, peleka taarifa NSSF wenyewe. Wana uwezo wa kumdai mwajiri moja kwa moja pamoja na faini, na wewe huhitaji kesi kwa sehemu hiyo.

Mwanafunzi atafute risiti, namba za malipo za benki au za SchoolPay (mfumo wa kulipia ada), barua ya kukubaliwa, na kitabu cha kanuni za chuo. Kitabu hicho watu hukiacha wakakijutia. Ndani yake mna utaratibu wa rufaa wa chuo chenyewe, na mahakama itakuuliza kama uliufuata.

Kisha andika jedwali la ukurasa mmoja: tarehe, kilichotokea, karatasi inayothibitisha, kiasi kilicholipwa, salio. Hakimu ana mafaili mengi mezani, na anayemrahisishia hesabu humsikiliza kwa utulivu.

Hatua ya tano: barua ya madai

Andika kwa jina lile la kisheria ulilopata URSB, nakala kwa mkuu wa chuo. Sema nani anadai, kwa msingi gani, kiasi gani, na siku ya mwisho ya kulipa. Ambatanisha jedwali. Ipeleke kwa mkono, mpokeaji agonge mhuri na kuandika tarehe kwenye nakala yako. Akikataa, nenda na shahidi, itume pia kwa barua pepe.

Usitukane. Usitishie polisi. Deni ni shauri la madai, na kumpeleka mhasibu kituoni ili alipe kunaweza kukugeukia. Na usianze kwa kuwapigia redio: ukisema hadharani kwamba mkurugenzi ni mwizi, unampa yeye kesi ya kuchafuliwa jina wakati wewe bado unatafuta mshahara.

Kama chuo kiko tayari kulipa kidogo kidogo, kubali, lakini kwa maandishi yenye saini: awamu ngapi, tarehe zipi, na kwamba awamu moja ikikosekana salio lote linadaiwa kwa pamoja.

Hatua ya sita: mlango wenyewe

*Mfanyakazi* aende makao makuu ya wilaya akamwone afisa wa kazi. Kwa Kampala yuko katika mamlaka ya jiji, KCCA. Huhitaji wakili kufungua lalamiko. Afisa ataita pande zote mbili, atajaribu kuwapatanisha, na akishindwa anaweza kuamua. Afisa asipotoa uamuzi ndani ya siku 90, sheria inakuruhusu kulipeleka lalamiko Mahakama ya Viwanda, ambayo ndiyo mahakama ya kazi ya nchi hii. Maafisa hawa ni wachache na mafaili yao ni mengi, kwa hiyo fuatilia kila wiki, kwa heshima, na uandike tarehe ya kila ulipofika. Tarehe hizo ndizo zitakazothibitisha kwamba siku 90 zimepita.

Wafanyakazi wa vyuo vikuu vya umma wana hatua nyingine mbele yao. Sheria ya mwaka 2001 imeunda baraza la rufaa la wafanyakazi ndani ya vyuo hivyo kwa mashauri ya nidhamu na kuachishwa. Ukiliruka, tegemea pingamizi la awali siku ya kwanza.

*Aliyeuza bidhaa au kukopesha*, kama deni halizidi shilingi milioni 10, atumie utaratibu wa madai madogo uliowekwa kwa kanuni za mwaka 2011. Kwa maoni yangu ni kati ya mambo bora mahakama za Uganda zimewapa watu wa kawaida. Unajaza fomu ya notisi ya madai, unampa mdaiwa siku 14, na asipolipa unafungua dai. Mawakili hawaruhusiwi kusimama kwa niaba ya yeyote, kwa hiyo chuo hakitakuja na mawakili watatu wa suti. Unajieleza mwenyewe mbele ya hakimu. Utaratibu huu ni wa madeni, bidhaa na kodi ya nyumba. Mashauri ya ajira na kesi dhidi ya serikali hayaingii, na mwanafunzi anayedai ada irudishwe amuulize kwanza karani wa mahakama kama dai lake litapokelewa.

Deni likizidi hapo, hakimu wa daraja la kwanza husikiliza hadi milioni 20, hakimu mkuu hadi milioni 50, na zaidi ya hapo ni Mahakama Kuu. Kama kiasi kinajulikana wazi na chuo kimekikiri, mwombe wakili afungue kesi ya muhtasari. Katika kesi hiyo mdaiwa hana haki ya kujitetea moja kwa moja. Lazima aombe ruhusa ndani ya siku 10 na aonyeshe kwa kiapo kwamba ana utetezi wa kweli. Tuseme umeuza samani za milioni 34, mhasibu amesaini barua ya kukiri milioni 27 zilizobaki. Hapo njia ya kawaida itakuchosha bure.

Ada za mahakama hulipwa kwa namba ya malipo ya URA, yaani mamlaka ya mapato, kupitia benki au kwa simu. Mahakama kadhaa sasa zinatumia ECCMIS, mfumo wa kufungua kesi kielektroniki ulioanza mwaka 2022, basi uliza masijala ya mahakama yako kabla ya kubeba karatasi. Na ukishapewa hati ya wito, una siku 21 kuifikisha kwa mdaiwa. Watu huiweka nyumbani wakidhani mahakama ndiyo itakayoipeleka.

*Mwanafunzi anayepinga uamuzi wa chuo cha umma* aanze na rufaa ya ndani, kwa maandishi, mara moja. Kanuni za mapitio zinataka njia za ndani ziwe zimetumika kwanza, lakini saa ya miezi 3 nayo haisubiri mtu. Kwa hiyo muone wakili wakati rufaa ya ndani ikiendelea. Hoja zako zitatoka kwenye Katiba ya mwaka 1995: kifungu cha 28 juu ya kusikilizwa kwa haki na cha 42 juu ya kutendewa haki na wenye mamlaka ya utawala. Mahakama haitakusahihishia mtihani wala kukupangia ada. Itaangalia kama chuo kilikuwa na mamlaka, kama kilifuata utaratibu, na kama ulipewa nafasi ya kujieleza. Mwaka 2019 wanafunzi wa Makerere waliingia barabarani kupinga nyongeza ya ada ya asilimia 15. Sauti yao ilisikika nchi nzima, lakini maandamano hayasimamishi kalenda ya mahakama.

Kama mtihani ni wiki ijayo, wakili aombe zuio la muda pamoja na kesi. Utatakiwa kuonyesha kwamba una hoja ya kusikilizwa, kwamba utaumia kwa namna ambayo fidia ya pesa haiwezi kuponya, na kwamba mizani ya usumbufu iko upande wako. Kuwa na sehemu kubwa ya ada iliyokwisha kulipwa husaidia sana hapo. Chuo binafsi hushtakiwa kwa kawaida kwa kuvunja mkataba, na zuio huombwa vilevile.

Lugha

Kiswahili ni lugha rasmi ya pili kwa Katiba tangu marekebisho ya mwaka 2005, lakini mahakama zinaendeshwa kwa Kiingereza. Mkataba au barua ya Kiswahili itafsiriwe, na mfasiri aape kiapo kwamba tafsiri ni sahihi. Siku ya kutoa ushahidi, mwambie karani mapema kwamba unahitaji mkalimani wa Kiswahili. Usione haya. Mtu anayejieleza kwa lugha anayoimudu hashikwi kirahisi kwenye maswali ya kudodosa kama anayebabaisha Kiingereza ili aonekane msomi.

Mzazi aliye Kenya, Tanzania au Kongo anaweza kumpa ndugu aliye Uganda hati ya uwakilishi, isajiliwe URSB. Ajue pia kwamba mdaiwa anaweza kuiomba mahakama imtake mdai anayeishi nje aweke dhamana ya gharama.

Mkiwa wengi

Walimu wanaodai chuo kimoja hufanya vizuri wakienda pamoja, ila mtu mmoja hawezi kujitangaza msemaji tu. Kila mwenzenu asaini idhini ya maandishi, na kesi ya uwakilishi inahitaji ruhusa ya mahakama na tangazo. Kila mmoja awe na jedwali lake, maana miezi ya madai hailingani. Wekeni pia makubaliano mapema kuhusu gharama za wakili. Ugomvi wa nani hajachanga umevunja vikundi vingi kabla chuo hakijafanya lolote.

Wasio na uwezo wa kulipa wakili waulize Justice Centres Uganda, kliniki ya msaada wa kisheria ya Law Development Centre, FIDA Uganda kwa wanawake, au mpango wa kujitolea wa Chama cha Wanasheria wa Uganda. Wakili anayekulipisha, hakikisha ana cheti halali cha uwakili cha mwaka huu.

Chuo kikigawanyika

Wakurugenzi wakigombana, kuna wakuu wa chuo wawili na matangazo mawili ya akaunti. Mwanafunzi alipe kwenye akaunti yenye jina la kisheria la chuo, ile ya siku zote, na asimpe mtu taslimu hata akionyeshwa barua yenye mhuri. Kama pande zote mbili zimeandika kudai pesa ile ile, sheria ya madai inatoa njia: unaieleza mahakama kwamba unayo pesa, huna maslahi nayo, na unaomba iamue nani apewe. Kwa ada ya mtu mmoja gharama haifai, lakini kwa mpangaji, benki au mfadhili wa wanafunzi wengi inafaa kabisa.

Mwalimu naye asichague upande. Anayedaiwa mshahara wako ni kampuni au wadhamini, na deni halifi kwa sababu bodi imebadilika. Peleka barua ya madai kwa ofisi iliyosajiliwa, nakala kwa pande zote mbili, uendelee kusaini mahudhurio. Anayeacha kufika kazini "mpaka waelewane" huambiwa baadaye kwamba aliiacha kazi.

Ukishtakiwa wewe

Hati ya wito ikikufikia, hesabu siku 15 za kuwasilisha utetezi. Kwenye kesi ya muhtasari ni siku 10 za kuomba ruhusa. Ukinyamaza, chuo kitapata hukumu bila wewe kusikilizwa, na dalali wa mahakama atakuja nyumbani. Kama kweli unadaiwa, kubali kiasi unachodaiwa, pinga kilichozidi, na uombe kulipa kwa awamu. Vyuo vingi huafiki, kwa sababu mzazi anayelipa laki mbili kila mwezi ana faida kwao kuliko hukumu isiyotekelezeka.

Usuluhishi, hukumu, na pesa mkononi

Kanuni za mwaka 2013 zinataka kila kesi ya madai ipitie usuluhishi kwanza. Nenda na kiwango chako cha chini kichwani na mtu mwenye mamlaka ya kukubali. Yanayosemwa mle hayatumiki dhidi yako baadaye, kwa hiyo sema ukweli wa hesabu. Mkikubaliana, makubaliano yasajiliwe kama hukumu ya ridhaa. Hukumu hiyo ina nguvu ile ile ya hukumu ya hakimu.

Ukishinda, bado hujalipwa. Hukumu ina uhai wa miaka 12, ila ukikaa zaidi ya mwaka bila kuitekeleza mdaiwa ataitwa kwanza kujieleza. Njia ni kukamata gari au samani kupitia dalali wa mahakama, au kuomba amri ya kuzuia pesa za chuo zilizo benki. Kwa chuo, ya benki ndiyo yenye nguvu, hasa ikiombwa mwanzoni mwa muhula ada zinapoingia. Ndiyo maana picha ya hawala yenye namba ya akaunti ya chuo ni ya kutunza. Mali ya serikali haikamatwi. Huko unaomba cheti cha amri, na wakikaidi, unaiomba Mahakama Kuu imlazimishe afisa husika kulipa. Wakurugenzi wakihamisha mali za kampuni ili kuwakwepa wadai, Mahakama Kuu ina uwezo wa kulipasua pazia la kampuni na kuwafikia wao, lakini ni lazima udanganyifu uthibitishwe.

Malipo yakianza kuingia nje ya mahakama, kwa simu au taslimu, kila upande uandike. Aliyelipwa atoe risiti na kuiarifu mahakama kiasi alichopokea. Aliyelipa asisubiri kuarifiwa: apeleke mwenyewe ushahidi wa malipo ili yaingizwe kwenye faili, kwa sababu malipo ambayo mahakama haikuyathibitisha hayatambuliwi wakati wa utekelezaji, na dalali anaweza kuja kukamata mali kwa deni ambalo limekwisha kulipwa.